Kuchanika Vibaya Wakati wa Kujifungua: Maana Yake

Msamba ni sehemu ndogo iliyo kati ya uke na njia ya haja kubwa. Wanawake wengi, hasa uzazi wa kwanza, huchanika hapo, wakashonwa, wakapona. Muulize mama aliyetoka wodi ya wazazi Kongwa au Bahi, huku Dodoma, atakwambia tu, "Nilichanika." Neno hilo moja linabeba madaraja manne ya kuchanika.

Daraja la kwanza ni ngozi tu. La pili hufika kwenye misuli ya msamba, na mkunga hulishona palepale. La tatu limekata msuli wa mviringo unaobana haja kubwa. La nne limepasua hadi utando wa ndani wa njia hiyo. Haya mawili ndiyo kuchanika vibaya, na kwa kutazama juu juu yanaweza kudhaniwa ni la pili. Ndiyo maana kabla ya kushona, mkunga au daktari hupima kwa kidole njia ya haja kubwa. Mama, usikikatae kipimo hicho. Ngozi ikifungwa huku msuli umekatika chini yake, utapona kwa macho tu.

Hatari huongezeka mtoto akizidi kilo 4, akivutwa kwa vakyumu (kifaa kinachonyonya kichwa) au koleo, au kichwa kikitoka kwa kasi. Kwetu kanda ya kati kuna na ukeketaji: kovu halitanuki kama ngozi nzima. Kitambaa cha maji ya uvuguvugu kwenye msamba, na kichwa kutolewa polepole, husaidia sana.

Daraja la tatu na la nne hushonwa chumba cha upasuaji, kwa ganzi ya mgongo, na mtaalamu aliyezoea. Zahanati ikikupa rufaa, usihofu. Kusubiri saa chache si tatizo mradi damu imezuiwa. Kisha utapewa antibayotiki na dawa ya kulainisha choo, maana choo kigumu hutesa mshono. Kunywa maji mengi, kula matunda, na mlenda wetu usikose mezani.

Kinachoniumiza ni wanawake wanaovujwa na choo miaka mingi, wakajitenga hata na ibada, wakidhani ndiyo uzazi. Hapana, kuna matibabu. Siku ya 42 baada ya kujifungua ukirudi kliniki, hata usipoulizwa, sema waziwazi: "Ushuzi unanitoka bila kuuzuia," au "Choo kinanivuja."