Kesi ya marehemu hukwamia wapi?

Mara ya kwanza kusimama mahakamani na kusema "Mheshimiwa, mteja wangu amefariki dunia", nilidhani kilichobaki ni kupeleka cheti cha kifo na kuandika jina la mwanawe mahali palipokuwa na jina lake. Tulikuwa tumebakiza shahidi mmoja tu. Shauri likatajwa na kuahirishwa, likatajwa na kuahirishwa, mwaka ukapita shahidi huyo hajafungua kinywa.

Wengi humlaumu hakimu. Mimi nalaumu namna sheria ilivyozipanga hatua zenyewe. Haki ya marehemu kudai haihamii kwa mjane au mtoto kwa sababu tu ya undugu. Anayeshika nafasi yake ni mwakilishi wa kisheria, na mara nyingi mahakama humtaka awe msimamizi wa mirathi mwenye hati ya mahakama ya kumteua mkononi. Hati hiyo nayo hutafutwa kwa shauri jingine kabisa: maombi, tangazo, kisha kusubiri wenye pingamizi. Ndugu wakigombania usimamizi, kesi ya marehemu hukaa ikingoja ugomvi wa ndugu uishe.

Na huku siku zinahesabiwa. Tanzania na India hutoa siku 90 za kuomba mwakilishi aingizwe kwenye shauri. Kenya hutoa mwaka 1. Muda ukiisha bila maombi, shauri hukoma lenyewe, hata kama hakimu hajatamka neno. Kulifufua inawezekana, ila ulete sababu ya kutosha, na mahakama za Tanzania hutaka kila siku uliyochelewa ielezewe. Kusema "tulikuwa msibani" hakufiki mbali.

Mahakama za shirikisho za Marekani pia zina siku 90, lakini huanza kuhesabiwa baada ya taarifa rasmi ya kifo kuwafikia wahusika, si siku ya kifo. Uingereza jaji anaweza kuamuru shauri liendelee bila mwakilishi, au kumteua mtu wa kusimama kwa niaba ya mirathi. Mimi napenda utaratibu huo wa Waingereza. Unamwondolea mjane mzigo wa kukimbizana na mafaili mawili kwa wakati mmoja.

Kenya kuna njia ya mkato ambayo familia nyingi hazijui: hati yenye mipaka, ya kuendesha kesi tu, bila kugawa mali. Watu huketi wakingoja hati kamili ilhali hii ingewatosha.

Akifa mdaiwa, hali huwa ngumu zaidi. Warithi wake hawana haraka ya kufungua mirathi ili washtakiwe wao! Baadhi ya sheria humruhusu mdai, akiwa mwenye deni, aombe mwenyewe usimamizi. Na kama mdaiwa alikuwa ameshafariki kabla kesi haijafunguliwa, usihangaike kubadili jina: kwa kawaida mashtaka dhidi ya maiti ni batili tangu mwanzo.

Si kila kifo husimamisha kesi, lakini. Mtu akifariki baada ya ushahidi na hoja kumalizika, hukumu husomwa kama kawaida. Madai mengine huzikwa na mwenyewe, mathalani kashfa, ambayo Uingereza iliiacha nje ilipobadili sheria mwaka 1934 ili madai mengi yaendelee baada ya kifo.

Jambo moja sisi mawakili hatupendi kuliweka wazi: mteja akifa, mamlaka yetu ya kumwakilisha hufa naye. Ndiyo maana siku hizi, nikipigiwa simu ya msiba, baada ya pole nauliza tarehe ya kifo na ninaiandika juu ya faili.

Mwana wa yule mteja wangu wa mwanzo alipata hati baada ya muda kupita. Tukaomba kuongezewa siku, upande wa pili ukapinga, hakimu akatukubalia. Shahidi wetu aliposimama, ushahidi wake wote ulichukua nusu saa.