Mkono wako si mwewe: namna ya kumzoesha mjusi mwenye ndevu

Mjusi mwenye ndevu akifumba macho unapompapasa kichwa, usiharakishe kufurahi. Wafugaji wengi wanaokuja kwangu hunionyesha kitendo hicho kwa fahari: "Mwone anavyosikia raha." Wakati mwingine ni kweli, ametulia. Lakini mara nyingi amefumba macho kwa sababu kitu kinamkera na hana pa kukimbilia, basi anajifungia kwa namna pekee iliyobaki. Ili kutofautisha, acha kumtazama usoni, tazama mwili mzima. Aliyetulia tumbo limetandazika, vidole vimelegea, na kidevu kina rangi ileile ya kifua. Aliyebanwa amekaza miguu, anapumua harakaharaka, na weusi umeanza kupenya kwenye ndevu, yaani ngozi yenye miiba chini ya kidevu. Kwa mijusi wachanga utaona pia mistari na madoa meusi yenye umbo la yai yakijitokeza tumboni.

Kazi yangu ni tabia za wanyama watambaao, na katika miaka yote hii jambo ninalolirudia kuliko mengine ni hili: mjusi huyu hujenga imani pale tu anapokuwa na uhuru wa kukataa. Ukimnyima uhuru huo atakunyamazia, nawe utadhani amekuzoea.

Tuanze na alikotoka. Spishi inayofugwa zaidi, Pogona vitticeps, asili yake ni nyanda kame za bara ya ndani ya Australia. Huko hupanda juu ya visiki, miamba na nguzo za uzio, akaota jua huku akilinda eneo lake. Mahali pa juu pana faida na pana hatari, maana adui anayemtia hofu kuliko wengine hutokea angani. Utosini, katikati ya magamba, ana kijidoa kidogo cheupecheupe ambacho wengi hawakioni mpaka waonyeshwe. Hilo ni jicho la tatu. Halioni sura wala umbo, ila linahisi mwanga, na kivuli kikipita linajua. Sasa fikiria mfugaji anafungua mfuniko wa juu na kuteremsha mkono. Kwa mjusi, huyo ni mwewe.

Nilijifunza hili kwa gharama ya mnyama asiye na kosa. Nilimpokea Shaba, jike mwenye rangi ya jina lake, akiwa na umri wa miezi minne hivi. Siku ya pili nikafanya hivyohivyo, mkono kutoka juu. Ndevu zikawa nyeusi kama masizi, ubavu ukatanuka, akaachama kinywa, kisha akaruka na kujigonga kwenye kioo. Kwa wiki tatu kila nilipokaribia alijificha nyuma ya gogo. Nikamhamishia kwenye kizimba chenye mlango wa mbele, nikakiweka juu ya meza imara ili macho yake na yangu yalingane. Mabadiliko hayo mawili yalisaidia kuliko vyakula vyote nilivyokuwa nikimshawishi navyo.

Kabla ya mafunzo yoyote, shughulikia joto. Wengi hulipita suala hili, ilhali ndilo linaloamua kila kitu. Mjusi hazalishi joto lake mwenyewe kama sisi, hulichukua nje. Mahali pake pa kuotea joto panatakiwa kufika nyuzi 38 hadi 42 za Selsiasi, na upande wa pili wa kizimba ubaki na nyuzi 25 hivi, ili achague mwenyewe awe wapi na kwa muda gani. Taa ya UVB, yaani ya miale kama ile ya jua isiyoonekana kwa macho yetu, nayo si pambo: bila miale hiyo mwili hautengenezi vitamini D3 ya kutosha, na bila D3 kalsiamu ya chakula haiingii mifupani. Mjusi aliyepoa misuli yake ni mizito, chakula hakisagiki, na hana nguvu za kukimbia hata akitaka. Nimeona watu wakimtoa mjusi alfajiri, kabla taa hazijawaka, kwa sababu "asubuhi huwa mpole". Si upole huo, ni baridi. Mwache aote saa moja au mbili, awe mwepesi, awe na uwezo kamili wa kukukimbia, ndipo umwombe chochote.

Hapo ndipo ninapoulizwa: je, anapolala begani kwangu, si kwa sababu ananipenda? Bega lako lina joto, na liko juu. Vitu viwili ambavyo asili yake imemfundisha kuvitafuta. Lakini mnyama huyuhuyu, mwenye hofu ya kila kivuli, amekukagua na kukuhesabu miongoni mwa mahali salama. Kwangu hilo ni kubwa, na halihitaji kupewa jina la mapenzi ya mbwa ili liwe na thamani.

Njia ninayoitumia huenda kwa mwendo wa kinyonga. Siku za kwanza naingiza mkono kwa ubavuni, chini, kiganja kikiangalia juu, nauweka sakafuni mwa kizimba mbali naye. Dakika tano, siku moja baada ya nyingine. Siusogezi. Akija na kuugusa kwa ulimi, namwacha aendelee. Anapolamba anakusanya harufu na kuipeleka kwenye kiungo maalumu kilicho kwenye kaakaa, hivyo kila mlambo ni kama anakusoma. (Ndiyo maana nanawa mikono kabla ya kumshika: mkono unaonukia chakula huumwa bila nia mbaya. Nanawa na baada pia, kwa sababu mijusi hawa hubeba bakteria wa salmonela hata wakiwa na afya njema. Usimbusu, na watoto wadogo wasimamiwe.)

Akishauzoea mkono, naweka chakula karibu nao, kisha juu ya kiganja, kisha kwenye kifundo cha mkono, ili akikitaka alazimike kupanda. Apande mwenyewe. Siku atakapopanda kwa miguu yote minne, ndipo nitauinua mkono kidogo, kiganja kikibeba kifua, vidole vikiegemeza miguu ya nyuma na shina la mkia. Mkia wake usiushike kamwe. Ukikatika hauoti tena, tofauti na wa mijusi wengine wengi. Na akigeuka kuondoka, namwachia njia. Kumkimbiza mjusi anayeondoka kunafuta kazi ya wiki nzima kwa sekunde chache.

Kinachofuata ndicho kinachonifurahisha zaidi: kijiti cha kulengea. Chukua kijiti kirefu, mwishoni bandika duara la rangi moja iliyokolea. Mijusi hawa wanaona rangi vizuri sana, hata miale ya urujuanimno ambayo sisi hatuioni. Mwonyeshe duara kwa mbali kidogo, kando ya kichwa, si juu yake. Akilitazama tu, mpe tuzo kwa kibanio. Akilisogelea, tuzo. Baadaye mpe pale tu anapoligusa. Shaba alitumia siku tisa. Siku ya tisa alisimama mbele ya duara, akainamisha kichwa upande mmoja akilikodolea jicho moja, akalipeleka pua polepole, akaligusa kama mtu anayejaribu chuma kama ni cha moto. Kisha akageuka kunitazama mkono wenye kibanio. Kutoka hapo unaweza kumwongoza aingie kwenye kisanduku cha safari, apande mizani, au atoke kizimbani, na hakuna anayelazimika kumkamata.

Tuzo iwe mdudu asiyezidi upana wa nafasi iliyo kati ya macho yake: nyenje, mende wa kufugwa au buu. Iondoe kwenye posho ya siku, kwani mjusi mzima hula zaidi majani na hunenepa upesi kwa wadudu. Usimpe wadudu uliowaokota nje, na vimulimuli uwaogope kabisa. Kimulimuli mmoja tu anaweza kumuua.

Wanaosema mjusi hana akili ya kufundishika wangefaa kuusikia utafiti uliochapishwa mwaka 2014, ambao mmoja wa waandishi wake ni Anna Wilkinson wa Chuo Kikuu cha Lincoln, Uingereza. Mjusi mmoja alifundishwa kusukuma kando mlango wa waya kwa kichwa ili apate mdudu. Wenzake waliomtazama akifanya hivyo walifaulu wote kuufungua, wakitumia mwendo uleule. Walioonyeshwa mlango ukijisogeza wenyewe hakuna aliyefaulu. Kwa maneno mengine, walimwiga mwenzao. Hata hivyo, usichukue hilo kuwa sababu ya kuwaweka wawili pamoja. Hawa ni wanyama wa kuishi peke yao. Madume hupigana, na unapowaona wawili wamelaliana chini ya taa, wa juu anamzibia mwenzake joto na mwanga.

Lugha yao nayo husomwa vibaya. Anapoinua mkono mmoja na kuuzungusha polepole hakusalimii. Anasema amekuona na hataki ugomvi. Mchanga anayekupungia kila unapopita bado anakuogopa. Kutikisa kichwa juu na chini kwa nguvu ni kujitangaza mwenye eneo. Kinywa wazi akiwa chini ya taa, bila weusi kidevuni, ni kupunguza joto tu.

Na kuna wakati tatizo si la mafunzo kabisa. Niliwahi kuletewa dume lililokuwa limezoea watu kwa miaka miwili, kisha ghafla likaanza kuuma. Familia iliomba niwafundishe namna ya kulitiisha. Nilipoweka kidole chini ya taya nikahisi mfupa unabonyea, pale ulipotakiwa kuwa mgumu. Daktari wa mifugo alithibitisha: mifupa ilikuwa imelegea kwa kukosa UVB na kalsiamu, na taa yao, ingawa ilikuwa bado inawaka, ilikuwa imeacha kutoa miale hiyo siku nyingi. Kila walipolinyanyua lilikuwa linaumia. Tangu hapo, mjusi mpole akibadilika tabia ghafla, sianzi na kijiti. Naanza na daktari, kisha tarehe ya taa.

Anapoambua ngozi pia mwache. Kuguswa wakati huo humkera. Vilevile msimu wa baridi, ambapo wengi wao hupunguza kula na kulala kwa wiki kadhaa. Mafunzo yatasubiri.

Shaba sasa ana miaka sita. Asubuhi, akishaota vya kutosha, nafungua mlango na kulaza mkono kizingitini. Kuna siku anapanda hadi begani. Kuna siku anaugusa kwa ulimi mara moja, anageuka na kurudi kwenye gogo lake. Nafunga mlango polepole na kumwacha aote.