Je, wajua kwa nini sidii halali ya zamani hukataliwa na kompyuta mpya?

Mzee mmoja mchora ramani za nyumba aliingia kwa fundi wa kompyuta pale Mwembe Tayari, Mombasa, na sidii ya programu yake ya kuchorea, aliyoinunua kwa pesa zake enzi za Windows XP. Haina hata mkwaruzo. Laptopu yake mpya haina pa kuitia, basi fundi akachomeka kisomadiski cha nje. Programu ikajipakia vizuri, kuifungua, kimya.

"Mzee wangu, sidii yako nzima," fundi akamwambia. "Bawabu wake ndiye kafukuzwa."

Bawabu huyo ni draiva, yaani programu ndogo inayofanya kazi chini kwa chini ndani ya Windows, iitwayo secdrv.sys, ya SafeDisc, kinga ya kuzuia sidii isinakiliwe. Watengenezaji walipoona kila mtu anachoma nakala nyumbani, walitia sekta mbovu (vijisehemu vya sidii visivyosomeka) kwa makusudi sidii ikiwa bado kiwandani. Programu ikifunguliwa, inautafuta ubovu ule. Mashine za kawaida za kuchomea hazikuweza kuunakili sawasawa, kwa hiyo kilema ndicho kilichokuwa kitambulisho, na sidii isiyo na kasoro ndiyo ya wizi!

Tatizo ni kwamba bawabu alipewa funguo za nyumba nzima: draiva ilifanya kazi ndani kabisa ya Windows. Mwaka 2007 ilionekana ina tundu ambalo mdukuzi angelipitia na kuitawala kompyuta. Windows 10 ilipotoka mwaka 2015 ilikuja bila draiva hiyo, na Septemba mwaka huohuo Microsoft ikaizima hata kwenye Windows 7 na 8. Mimi siwalaumu, ila aliyeumia ni mnunuzi mwaminifu.

Baadhi ya watengenezaji walitoa masahihisho ya kuondoa kinga; anzia hapo. La sivyo, weka Windows XP ndani ya mashine pepe, yaani kompyuta ya kuigiza ndani ya kompyuta yako, kwa programu kama VirtualBox, uiruhusu ifikie kisomadiski moja kwa moja. Faili la ISO la kawaida, yaani nakala ya sidii nzima ndani ya faili moja, halitafaa, maana hubeba data bila vile vilema. Na hizo programu za kuvunjia kinga za mitandaoni, nyingi huja na wageni wasioalikwa.

Mzee hakutaka mambo ya mashine ndani ya mashine. Alichukua kompyuta ya mitumba yenye XP, fundi akaing'oa waya wa intaneti, kwani XP haipati ulinzi tangu Aprili 2014. Kisha akamwonyesha jinsi ya kuhifadhi kila ramani kwa muundo wa DXF, ambao programu za leo huufungua.