Historia ya semikonda ni historia ya usafi

Kazi yangu ni kusaka uchafu. Naletewa kisahani cha silikoni, bamba jembamba ambalo juu yake chipu hutengenezwa, nami natakiwa kusema ndani yake mna atomu ngapi za chuma, za shaba au za sodiamu, kwa viwango ambavyo katika shughuli nyingine vingehesabiwa kuwa si kitu. Pengine ndiyo maana kila nikisoma historia ya elektroniki naiona imesimuliwa nusu. Tunatajiwa wavumbuzi wa transista, yaani swichi ndogo ya umeme isiyo na kitu kinachosogea, tunatajiwa saketi unganishi, yaani transista nyingi kwenye kipande kimoja, na vijana waliotajirika California. Yote ni kweli. Ila karibu kila hatua kubwa ya tasnia hii ilimsubiri mtu fulani, mara nyingi mkemia asiyejulikana, asafishe kitu ambacho wenzake walidhani kimeshatakata.

Semikonda, vitu vinavyopitisha umeme vibaya kuliko metali lakini vizuri kuliko kioo, zilijulikana zamani kabla ya kueleweka. Mwaka 1833 Michael Faraday aliona kwamba salfaidi ya fedha hupitisha umeme vizuri zaidi ikipata joto, kinyume kabisa na metali. Mwaka 1874 Mjerumani Ferdinand Braun aligusisha waya kwenye fuwele za salfaidi akakuta umeme unapita upande mmoja na kukataa upande wa pili. Jagadish Chandra Bose alipewa hataza ya Marekani mwaka 1904 kwa kipokezi cha mawimbi kilichotumia galena, jiwe lenye madini ya risasi, na redio za fuwele zilizofuata zilifanya kazi hivyo hivyo: unasogeza ncha ya waya juu ya jiwe mpaka upate mahali panapoitika. Kesho yake mahali hapo pamenyamaza, unaanza upya. Jiwe lilitoka ardhini na uchafu wake wote, na hakuna vipande viwili vilivyolingana.

Wanafizikia waliona kero. Mwaka 1931 Wolfgang Pauli alimwandikia Rudolf Peierls kwamba semikonda hazifai kushughulikiwa, ni uchafu mtupu, na hata haijulikani kama zipo kweli. Mwaka huohuo Alan Wilson, Mwingereza, akachapisha nadharia iliyoonyesha kuwa zipo, na kwamba tabia yake inatokana kwa sehemu kubwa na atomu ngeni zilizomo. Pauli alikosea kuhusu kuwapo kwake, lakini kuhusu uchafu alikuwa ameona mbali.

Hebu tupige hesabu. Sentimita moja ya ujazo ya silikoni ina atomu zipatazo bilioni 50,000 mara bilioni moja. Silikoni safi kabisa, katika joto la chumbani, ina elektroni huru kama bilioni 10 tu katika ujazo huo. Sasa tia atomu moja ya fosforasi kwa kila atomu milioni 100 za silikoni. Kila fosforasi inaachia elektroni moja, na idadi ya elektroni huru inapanda mara elfu hamsini hivi. Kwa hiyo ukitaka kuitawala silikoni kwa kuitia fosforasi au boroni kwa kipimo, lazima kwanza uondoe uchafu usiouita wewe, tena uuondoe hadi chini sana ya kipimo hicho. Bila hivyo hujui ulichotengeneza.

Miaka ya 1930 hakuna aliyefika huko, na elektroniki iliendeshwa kwa valvu za kioo, mirija isiyo na hewa iliyotumika kukuza na kukata umeme. Kompyuta ya ENIAC ya mwishoni mwa vita ilikuwa nazo takriban 18,000. Kilichoirudisha fuwele kazini ni rada. Valvu za wakati huo hazikuweza kuyapokea vizuri mawimbi yake mafupi, na kipande cha silikoni chenye ncha ya waya kiliweza. Ghafla kukawa na sababu ya kutumia fedha kuisafisha silikoni.

Hapa kuna kisa ninachokipenda kuliko vyote. Mwanzoni mwa 1940 Russell Ohl wa Bell Labs, maabara za kampuni ya simu ya Marekani, alikuwa na kijiti cha silikoni chenye ufa. Akikimulika taa, kinatoa karibu nusu volti, kiasi ambacho wenzake waliona vigumu kuamini. Ikaonekana kwamba silikoni ilipoyeyushwa na kupoa polepole, vichafuzi vilijitenga: sehemu moja ya kijiti ilikuwa ya aina tuliyokuja kuiita p, yenye upungufu wa elektroni, nyingine ya aina n, yenye elektroni za ziada, na mpaka kati yake ulikuwa umejiunda wenyewe. Nini kilitofautisha sehemu hizo? Jack Scaff na Henry Theuerer, wataalamu wa metali, waligundua kwamba silikoni ya aina n ikikatwa hutoa harufu fulani. Ilikuwa harufu ya fosfini, gesi ya fosforasi. Fosforasi ilikuwa kidogo mno kwa vipimo vya maabara yao, lakini pua iliinasa. Mimi ninayetumia mashine za bei ya kutisha kufanya kazi ileile, siwezi kusoma habari hiyo bila kucheka.

Desemba 1947, John Bardeen na Walter Brattain wakapata transista ya kwanza kwenye kipande cha gerimani, elementi jamaa ya silikoni. Gerimani ilikuwa mbele kwa sababu huyeyuka kwenye nyuzi 938 tu za Selsiasi na ni rahisi kuisafisha. Kundi la Karl Lark-Horovitz katika Chuo Kikuu cha Purdue lilikuwa limeishughulikia wakati wa vita. Siku yenyewe imeshasimuliwa vya kutosha. Kinachosahaulika ni kwamba transista zile zilikuwa na kelele, na hazikufanana hata kama zimetoka kwenye mkono mmoja.

Waliozigeuza kuwa bidhaa ni wawili. Gordon Teal alishikilia kwamba kinachohitajika ni fuwele moja kamili, isiyo na mipaka ya chembechembe ndani. William Shockley, mkuu wa kundi la transista, hakuona haja, kwa hiyo Teal na John Little walianza kazi hiyo pembeni, wakivuta fuwele kutoka kwenye gerimani iliyoyeyuka kwa mbinu aliyoigundua Jan Czochralski mwaka 1916. Wa pili ni William Pfann, aliyeingia Bell Labs akiwa msaidizi wa maabara na kusoma shahada yake jioni. Alijua kwamba vichafuzi vingi hupendelea kubaki kwenye kimiminika kuliko kuingia kwenye kigumu. Akapitisha ukanda mwembamba wa joto kwenye kijiti cha gerimani, ukiyeyusha mbele na kuganda nyuma, tena na tena, kama mtu anayefagia chumba kuelekea mlangoni. Ncha ya mwisho ikakatwa na kutupwa. Kilichobaki kilikuwa na chini ya atomu moja ngeni kwa kila bilioni 10. Ningeulizwa nani alistahili sifa zaidi kati ya Pfann na Shockley kwa kuzaliwa kwa tasnia hii, nisingefikiri sana.

Bell Labs haikuficha elimu hiyo. Mwaka 1952 iliwafundisha walionunua leseni, na miongoni mwa waliofaidi leseni hizo ni Texas Instruments na kampuni ya Kijapani iliyokuja kuitwa Sony. Oktoba 1954 redio ya Regency TR-1, yenye transista nne za Texas Instruments, ilitangazwa kwa bei ya dola 49.95.

Gerimani hata hivyo ina udhaifu usiotibika: ikipata joto kidogo tu, elektroni zake hufunguka zenyewe na transista inapoteza mwelekeo. Silikoni huvumilia. Lakini silikoni huyeyuka kwenye nyuzi 1,414, na ikiwa kimiminika hula karibu kila chombo unachoiwekea. Isitoshe, mbinu ya Pfann haiwezi kuiondolea boroni, kwa kuwa boroni hukaa kwenye kigumu karibu sawa na kwenye kimiminika. Njia ilipatikana kwa kemia: silikoni hugeuzwa kuwa triklorosilani, kimiminika kinachochemka kwenye nyuzi 32 hivi, huchemshwa na mvuke wake kupoozwa mpaka kitakate, kisha hurudishwa kuwa kigumu. Mpaka leo ndivyo tunavyofanya kwa sehemu kubwa. Chombo cha kuyeyushia wakati wa kuvuta fuwele bado ni cha kwatsi safi sana, na sehemu kubwa ya kwatsi hiyo hutoka Spruce Pine, mji mdogo wa North Carolina. Kimbunga Helene kiliposimamisha migodi yake Septemba 2024, watu wa fani yangu walikosa usingizi.

Teal mwenyewe alihamia Texas Instruments, na Mei 1954 akatangaza transista za silikoni mbele ya wahandisi mjini Dayton, Ohio. Alichovya kikuza sauti cha gerimani kwenye mafuta ya moto, muziki ukakatika. Akachovya cha silikoni, ukaendelea.

Zawadi kubwa ya silikoni ilijitokeza kwa ajali. Mwaka 1955 Carl Frosch na Lincoln Derick wa Bell Labs walikuwa wakipasha visahani katika tanuri la haidrojeni, gesi ikashika moto, mvuke wa maji ukajaa ndani, na visahani vikatoka na ngozi ya oksaidi. Oksaidi ya gerimani huyeyuka kwenye maji; hii ya silikoni ni kioo kigumu kinachozuia vichafuzi vingi kupita. Desturi ilikuwa kuitumia kisha kuiondoa, kwa imani kwamba imebeba uchafu. Jean Hoerni wa Fairchild, kampuni ya semikonda ya California, aliamua kuiacha palepale juu ya makutano ya p na n. Fairchild walikuwa na tatizo linaloniuma hata kulisoma: transista zao, ukizigonga kwa kifutio cha penseli, nyingine zilikufa, maana chembe za metali zilizonaswa ndani ya kopo la transista ziliruka na kuangukia makutano yaliyo wazi. Chini ya ngozi ya Hoerni hazikuwa na pa kuingilia.

Juu ya ngozi hiyo unaweza pia kulaza nyaya za alumini, na hapo ndipo Robert Noyce, mwenzake Hoerni, alipoipata saketi unganishi yake mwaka 1959. Jack Kilby wa Texas Instruments alikuwa ameonyesha ya kwake Septemba 1958, ya gerimani, iliyounganishwa kwa vijiwaya vilivyopita hewani. Tuzo ya Nobel ya mwaka 2000 ilimwendea Kilby, na sibishi. Viwanda, hata hivyo, vilifuata njia ya Hoerni.

Kisha sodiamu. Mwaka 1959 Mohamed Atalla na Dawon Kahng walitengeneza transista ya MOS (metali juu ya oksaidi juu ya semikonda), ndogo na rahisi, ambayo leo ndiyo iliyojaa kila chipu. Kwa nini basi ilikaa miaka bila kutamba sokoni? Kwa sababu haikutulia: leo inawaka kwa volti hizi, wiki ijayo kwa nyingine. Ioni za sodiamu, yaani atomu zake zenye chaji, zilikuwa zikitembea ndani ya oksaidi kila umeme ulipowekwa. Zilitoka kwenye jasho, kwenye vyombo vya kioo, hata kwenye nyuzi za tungsteni zilizotumika kuvukiza alumini. Ed Snow, Andrew Grove, Bruce Deal na Chih-Tang Sah wa Fairchild walilieleza jambo hilo mwaka 1965. Baada ya sodiamu kudhibitiwa, MOS ikawa biashara. Mwaka 1971 Intel, iliyoanzishwa miaka mitatu kabla, iliuza chipu ya 4004 yenye transista 2,300.

Usafi ukawa hesabu ya faida. Chipu ikipitia hatua 500, na kila hatua ifaulu kwa asilimia 99, mwishoni unabaki na chini ya chipu moja nzima kwa kila 100. Pandisha hadi asilimia 99.9 na unapata 60. Vyumba safi vyenye hewa inayoshuka moja kwa moja kutoka darini, alivyovibuni Willis Whitfield wa Sandia, maabara ya taifa ya Marekani, mwanzoni mwa miaka ya 1960, vilijilipa kwa hesabu hiyo. Japani iliielewa kuliko wote: mwaka 1980 Hewlett-Packard ilitangaza kwamba chipu za kumbukumbu za kampuni tatu za Japani ilizozipima ziliharibika mara chache kuliko za kampuni yoyote kati ya tatu za Marekani.

Adui hajaacha kubadili sura. Mwaka 1978 Timothy May na Murray Woods wa Intel walionyesha kwamba chembechembe za uraniamu na thoriamu kwenye kauri ya kufungia chipu zilitoa miale iliyofuta data. Mwaka 1997 IBM ilitangaza nyaya za shaba, metali ambayo sisi sote tulifundishwa kuiogopa kama sumu ya silikoni, baada ya kupata utando wa kuizuia isipenye. Na katika mashine za ASML, kampuni ya Uholanzi, zinazochora chipu kwa mwanga wa nanomita 13.5, uchafu unatengenezwa na mashine yenyewe: leza hulipua matone ya bati 50,000 kila sekunde ili kutoa mwanga huo, na bati hutua kwenye kioo kinachoukusanya. Haidrojeni hupulizwa ili iungane na bati na kuliondoa likiwa gesi. Gesi hiyo nayo ikigusa sehemu yenye joto huvunjika, na bati linabaki pale.