Barua kwa Waziri si Rufaa: Dhana Potofu Kuhusu Uhuru wa Mahakama

Mzee mmoja wa Rungwe alinifuata Uyole akiwa ameficha bahasha ya kaki ndani ya koti, maana mvua ya huku haina simile. Alitaka nimwandikie barua kwa Waziri wa Katiba na Sheria, ili waziri aifute hukumu ya Mahakama ya Mwanzo kuhusu mirathi ya marehemu kaka yake. "Nimeambiwa yule ndiye mkubwa wao, mwanangu. Akipiga simu moja tu, hakimu anageuza." Nikaitazama tarehe ya hukumu na kuhesabu: siku 47 zilikwisha kupita, naye alikuwa amezitumia kwenda kwa mtu huyu na yule mwenye cheo, kila mmoja akimwelekeza kwa mwingine. Rufaa kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda Mahakama ya Wilaya hufunguliwa ndani ya siku 30.

Tangu siku ile nimekuwa nikizikusanya dhana hizi, katika vijiwe vya Mwanjelwa, kwenye kosta za Tukuyu, na hata kwa watu waliosoma ambao nilidhani wanajua.

Dhana: Waziri wa Katiba na Sheria ni mkuu wa mahakimu na majaji, hivyo anaweza kutengua hukumu.

Ukweli ni kwamba hakuna ibara wala kifungu kinachompa waziri uwezo huo. Ibara ya 4 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977 inagawa shughuli za mamlaka ya nchi kwa vyombo vya utendaji, vya utoaji haki na vya kutunga sheria, na Ibara ya 107A, iliyoingizwa kwa marekebisho ya mwaka 2000, inaeleza kuwa chombo chenye kauli ya mwisho katika utoaji haki ni Mahakama. Ibara inayoifuata, ya 107B, inazitaka mahakama zote ziwe huru na zifuate Katiba na sheria za nchi peke yake. Neno "zote" lina uzito wake, kwa sababu hakimu wa Mahakama ya Mwanzo anayesikiliza kesi ya mbuzi na mahari huko Busokelo amekingwa na ibara ileile inayomkinga jaji aliyeketi Mahakama Kuu, Kanda ya Mbeya. Mkuu wa Mahakama ni Jaji Mkuu, na hata yeye hampigii simu hakimu kumwambia aamue vipi. Asiyeridhika hukata rufaa, na mahakama ya juu hutengua kwa hukumu iliyoandikwa na yenye sababu.

Basi waziri anafanya nini? Kazi yake si ndogo. Hupeleka bungeni miswada ya sheria za sekta yake, husimamia sera ya mambo ya katiba na sheria, na wizara yake ndiyo mlezi wa taasisi kama RITA, inayosajili vizazi na vifo, na Tume ya Kurekebisha Sheria. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 pia iko chini yake, na nadhani hapa ndipo mkanganyiko ulipokolea. Kampeni ya msaada wa kisheria iliyozinduliwa mwaka 2023 kwa jina la Rais Samia iliwafuata wananchi mikoani. Watu wakaona magari ya wizara, wanasheria wamekaa kwenye viti vya plastiki, migogoro inasikilizwa palepale, wakahitimisha kwamba wizara ni mahakama nyingine iliyo juu ya mahakama. Wale wanasheria walikuwa wakishauri, wakisuluhisha waliokubali kusuluhishwa, na kuwaelekeza wengine njia ya kufuata. Hukumu iliyokwisha kutolewa hawakuwa na mamlaka ya kuigusa.

Sijui kama nimlaumu yule mzee. Hata Uingereza, ambako sehemu kubwa ya mfumo wetu wa sheria ulitoka, kwa karne nyingi mtu mmoja mwenye cheo cha Lodi Chansela alikaa katika Baraza la Mawaziri, akawa mkuu wa majaji wa Uingereza na Welisi, na tena akaongoza vikao vya Baraza la Malodi. Ni sheria ya mwaka 2005 iliyoupeleka ukuu wa majaji kwa Lodi Jaji Mkuu, ikamwachia Lodi Chansela uwaziri pamoja na kiapo cha kuulinda uhuru wa mahakama. Kwa maneno mengine, mwenye cheo hicho leo anaapa kuwalinda majaji dhidi ya watu wa aina yake mwenyewe, yaani mawaziri.

Dhana: Waziri huyo lazima awe mwanasheria.

Katiba inamtaka waziri awe mbunge, basi. Tumewahi kuwa na Dkt. Harrison Mwakyembe wa Kyela, mwanasheria aliyefundisha chuo kikuu, na tumewahi kuwa na Balozi Augustine Mahiga, mzaliwa wa Tosamaganga mkoani Iringa, ambaye maisha yake yalikuwa ya diplomasia na usalama na aliyeishika wizara hiyo hadi alipofariki tarehe 1 Mei 2020. Kama waziri angekuwa mwamuzi wa kesi, hilo lingekuwa jambo la kutisha. Kwa kuwa si mwamuzi, haliharibu kitu.

Dhana: Rais ndiye anayewateua majaji, kwa hiyo anaweza kuwafukuza akikasirika.

Sehemu ya kwanza ni kweli. Rais humteua Jaji Mkuu. Huwateua Majaji wa Rufani baada ya kushauriana na Jaji Mkuu, na majaji wa Mahakama Kuu baada ya kushauriana na Tume ya Utumishi wa Mahakama. Wajumbe wa Tume hiyo ni Jaji Mkuu ambaye ndiye mwenyekiti, Mwanasheria Mkuu wa Serikali, Jaji mmoja wa Rufani, Jaji Kiongozi, na wajumbe wawili wanaoteuliwa na Rais. Msomaji makini atagundua nani hayumo: Waziri wa Katiba na Sheria hana kiti pale. Mahakimu wenyewe, ambao ndio wengi wetu tunaokutana nao, huajiriwa na kuchukuliwa hatua za nidhamu na Tume hiyohiyo.

Kuhusu kufukuza, mlango ni mwembamba. Ibara ya 110A inaruhusu jaji wa Mahakama Kuu aondolewe kwa kushindwa kazi kutokana na maradhi au sababu nyingine, kwa mwenendo mbaya, au kwa kukiuka maadili ya majaji; na Rais hawezi kulipima jambo hilo peke yake, bali huunda Tume ya uchunguzi ambayo mwenyekiti wake na angalau nusu ya wajumbe wengine ni majaji, au waliopata kuwa majaji, katika nchi za Jumuiya ya Madola. Tume ikishauri jaji asiondolewe, haondolewi. Mshahara wake nao hutoka Mfuko Mkuu wa Hazina, na hauwezi kupunguzwa akiwa madarakani. Huwezi kumtisha kwa tumbo.

Hata hivyo, sitasema kila kitu kimekaa sawa. Majaji wa Mahakama Kuu hustaafu wakiwa na miaka 60 na wa Rufani miaka 65, lakini Katiba inazungumzia pia kuongezwa kwa muda kwa ajili ya manufaa ya umma, na mwaka 2023, Jaji Mkuu wa wakati huo, Profesa Ibrahim Juma, alipofikisha miaka 65 na kuongezewa muda, wapo waliokwenda mahakamani kuhoji. Mimi naliona swali lao kuwa la haki kabisa: mtu anayesubiri kuongezewa muda na mtu mwingine yuko katika hali tofauti na yule anayejua tarehe ya kuondoka.

Dhana: Uhuru wa mahakama maana yake hakimu anafanya atakavyo, hakuna wa kumgusa.

Uhuru ni wa uamuzi, na anayeufaidi ni mwenye kesi. Hakimu anayeomba chochote, anayechelewesha nakala ya hukumu miezi mingi, au anayekuja kazini amelewa, hana ibara ya kujifichia. Sheria ya Usimamizi wa Mahakama ya mwaka 2011 iliweka kamati za maadili ya maofisa wa mahakama katika ngazi za mkoa na wilaya, ambazo hupokea malalamiko ya wananchi na kuyapeleka Tume ya Utumishi wa Mahakama. Jambo linaloshangaza wengi ni kwamba kamati hizo zinaongozwa na Mkuu wa Mkoa na Mkuu wa Wilaya, yaani watu wa chombo cha utendaji. Nimemsikia wakili mmoja wa Iringa akilitetea hilo kwa hoja kwamba mwananchi anaijua ofisi ya mkuu wa wilaya kuliko anavyoijua Tume iliyoko mbali. Mimi bado linanikaa vibaya. Ila lieleweke kuwa kamati inasikiliza malalamiko ya mwenendo, si rufaa. Ukienda kulalamika kwamba hakimu hakuamini shahidi wako, utakuwa umekosea mlango.

Tukiwa kwa mkuu wa wilaya, tulimalize na hili: amri yake ya kumweka mtu ndani hadi saa 48 si hukumu. Sheria ya Tawala za Mikoa ya mwaka 1997 inamruhusu kuagiza kukamatwa kwa mtu anayehatarisha amani, na mtu huyo asipofikishwa mbele ya hakimu ndani ya muda huo sharti aachiwe.

Dhana: Serikali ikishaguswa yenyewe, kesi huamuliwa ofisini.

Watu wa Isimani wana mfano wao, na hausahauliki. Tarehe 25 Desemba 1971, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dkt. Wilbert Klerruu, alipigwa risasi na mkulima Said Mwamwindi, ambaye aliupakia mwili kwenye gari na kuupeleka mwenyewe polisi. Aliyeuawa alikuwa mteule wa Rais, tena katikati ya vuguvugu la vijiji vya Ujamaa, lakini mauaji hayo yalifikishwa Mahakama Kuu, ushahidi ukasikilizwa, naye akahukumiwa kifo kwa kosa la kuua kwa kukusudia. Unaweza kubishana kuhusu hukumu hiyo, na wazee wa Isimani bado wanabishana. Ninachokiona mimi ni kwamba aliyetamka adhabu alikuwa jaji, na baada ya mahakama kumaliza, mwenye uwezo wa kumwondolea kamba shingoni alikuwa Rais peke yake, kwa msamaha, ambao leo umo katika Ibara ya 45. Msamaha hupunguza au kufuta adhabu. Nao ni wa Rais; waziri hana sahihi yake humo.

Dhana: Kwa kuwa mahakama ni huru, haiitegemei Serikali kwa lolote.

Hii ndiyo dhana ninayoipinga kwa moyo mzito, kwa sababu ningependa iwe kweli. Ile sheria ya mwaka 2011 iliunda Mfuko wa Mahakama na kumweka Mtendaji Mkuu wa Mahakama ashughulikie majengo, fedha na watumishi, ili majaji wabaki na kesi, na hilo lilikuwa hatua kubwa. Lakini bajeti ya Mahakama, Fungu 40, bado huombwa bungeni ndani ya hotuba ya Waziri wa Katiba na Sheria, na Hazina ndiyo hutoa fedha. Pale ndipo uwaziri unapokuwa na uzito halisi kwa mtu wa Rungwe: si katika kumpigia simu hakimu, bali katika kuhakikisha kwamba Mahakama ya Mwanzo ina paa lisilovuja kwenye jalada, ina karani wa kuchapa nakala, na haimlazimu mwananchi kutembea kutwa nzima kwa ajili ya kesi inayoahirishwa kwa dakika tano.

Yule mzee sikumwandikia barua aliyoitaka. Tuliandika maombi kwa Mahakama ya Wilaya, ambayo sheria inairuhusu kuongeza muda wa kukata rufaa hata ukiwa umekwisha kupita, mradi mwombaji atoe sababu ya msingi. Alipoona hakuna jina la waziri popote katika karatasi zile alinyamaza kidogo, kisha akauliza, "Sasa hapa kwenye sababu tutaandika nini, mwanangu? Kwamba nilikuwa namtafuta mkubwa wao?" Maombi yamepangiwa tarehe ya kusikilizwa, naye ananiuliza kila wiki kama hakimu huyu mpya ana mkubwa wake.