Mtunzi wa muziki wa filamu: mfano wa Jung Jae-il

Mtunzi wa muziki wa filamu ni yule anayetunga kwa kipimo cha picha. Muziki uanze wapi, upande lini na uzime lini, yote huamuliwa na kinachoonekana kwenye skrini.

Jung Jae-il, mzaliwa wa Seoul (1982), alianza ujanani kama mpiga gitaa la besi wa bendi ya Gigs. Baadaye alifanya kazi na mwongozaji Bong Joon-ho katika Okja (2017) na Parasite (2019), kisha ikaja tamthilia ya Squid Game (2021).

Kwanza mtunzi na mwongozaji huitazama filamu pamoja na kukubaliana muziki uingie wapi na wapi pabaki kimya. Kila kipande hupewa namba na muda wake. Hufuata rasimu ya kompyuta, kisha ala halisi hurekodiwa.

Balaa huja mhariri anapokata picha baada ya muziki kutungwa. Filamu hupita fremu, yaani picha moja moja, 24 kwa sekunde. Kwa mwendo wa mapigo 96 kwa dakika, pigo moja ni fremu 15 na baa (kifungu cha muziki) ya mapigo manne ni fremu 60. Zikiondolewa sekunde 3, zimekwenda fremu 72. Ukifuta baa nzima, ngoma iliyopaswa kulia mlango unapofungwa bado inachelewa nusu sekunde, na mtazamaji atahisi. Dawa ni kuharakisha mapigo 16 yaliyotangulia hadi mwendo wa 101 hivi, au kutunga upya.

Tatizo jingine ni muziki wa kuazima unaowekwa wakati wa uhariri. Mwongozaji akiuzoea, hutaka nakala yake, na hapo mtunzi hana pa kupumulia.

Ustadi wa Jung ni kutorudia kile ambacho picha imeshasema. Katika Parasite, familia inapomfanyia hila mtumishi wa nyumba afukuzwe, ala za nyuzi zinapiga kwa adabu ya muziki wa kale wa Ulaya, na uovu unazidi kuchekesha na kutisha. Squid Game ina rekoda, filimbi ya watoto wa shule, ikifuata makofi ya kushangilia ya Korea: matatu, matatu, saba.

Wakati mwingine kazi hujumuisha wimbo wa mwisho. Ule wa Parasite aliutunga Jung, maneno yakaandikwa na Bong mwenyewe, akauimba mwigizaji Choi Woo-shik.