Kaiserin ni nani? Maana ya cheo cha mke wa Kaizari wa Ujerumani

Msomaji wa Biblia ya Kiswahili anamfahamu Kaisari: ndiye ambaye Yesu aliulizwa kama ni halali kumpa kodi. Neno lilianza kama jina la mtu mmoja, Julius Caesar wa Roma, likageuka kuwa cheo cha watawala waliomfuata, na kutoka hapo kila taifa likalitamka kwa ulimi wake. Warusi wakasema tsar. Wajerumani wakasema Kaiser. Nasi, tulipotawaliwa na Wajerumani hao, tukapata Kaizari.

Kaiserin ni neno hilohilo la Kijerumani likiwa limeongezewa kipande kidogo mwishoni. Kijerumani humtambulisha mwanamke kwa -in: Lehrer ni mwalimu mwanamume, Lehrerin ni mwalimu mwanamke, König ni mfalme, Königin ni malkia. Kwetu mwalimu ni mwalimu tu, awe Juma au Asha, ndiyo maana hatukuwahi kuunda neno la peke yake la Kaiserin. Vitabu vingi humwita malkia na kupita. Si kosa kubwa, ila kuna jambo linapotea. Dola la Ujerumani la mwaka 1871 lilikuwa muungano wa nchi 25, na nne kati yake zilikuwa falme kamili zenye wafalme wao: Prussia, Bavaria, Saksonia na Württemberg. Mfalme wa Prussia ndiye aliyekuwa pia Kaizari juu ya wote. Kwa hiyo mke wake alikuwa na vyeo viwili kwa mpigo, malkia wa Prussia na Kaiserin wa Ujerumani, na barua rasmi zilivitaja vyote.

Jambo la pili ndilo linalowachanganya wengi zaidi. Kaiserin hakuwa Kaizari wa kike. Cheo alikipata kwa ndoa. Tangu Otto wa Kwanza alipovikwa taji Roma mwaka 962 hadi Wilhelm wa Pili alipokimbilia Uholanzi mwaka 1918, hakuna mwanamke hata mmoja aliyekalia kiti hicho kwa haki yake mwenyewe. Katika dola la kale, lile lililoitwa Dola Takatifu la Kiroma, Kaizari alichaguliwa na wakuu wa nchi, na mwanamke hakuwa na sifa ya kuchaguliwa. Katika dola jipya la 1871 kiti kilifungamana na ufalme wa Prussia, uliorithiwa na wanaume tu. Kaiserin alikuwa ama mke wa Kaizari ama mjane wake.

Lakini mke na mjane wanaweza kuwa watu wakubwa sana. Tumtazame Theophanu.

Alikuwa binti wa Kibizanti, mpwa wa Kaizari Yohane Tzimiskes wa Konstantinopoli, akaletwa Roma kuolewa na Otto wa Pili mwezi Aprili 972. Baadhi ya wakuu wa Kijerumani walinung'unika kwamba hakuwa binti wa Kaizari mwenyewe, wakataka arudishwe kwao. Otto wa Kwanza, baba mkwe, akakataa. Hati ya mahari yake ipo hadi leo katika mji wa Wolfenbüttel, imeandikwa kwa wino wa dhahabu juu ya ngozi iliyotiwa rangi ya zambarau, na ndani yake zimeorodheshwa ardhi alizopewa, kuanzia Italia hadi Nordhausen kule Ujerumani. Mwanamke wa Kiislamu wa pwani atalielewa hili haraka kuliko mtu anayezoea mahari ya kulipwa wazazi: mali ile ilikuwa yake bibi harusi. Mke mwenye mapato yake ana watu wake, na mwenye watu wake husikilizwa.

Otto wa Pili akafa ghafla mwaka 983, mtoto wao akiwa na miaka mitatu. Siku ya Krismasi mwaka huohuo mtoto akavikwa taji mjini Aachen, na muda si muda binamu wa baba yake, Heinrich wa Bavaria, akamtwaa akitaka ufalme uwe wake. Theophanu na mkwewe Adelheid, wanawake wawili ambao kwa kawaida hawakuelewana, waliungana hadi Heinrich akamrudisha mtoto mwaka 984. Kuanzia hapo Theophanu ndiye aliyeliongoza dola kwa niaba ya mwanawe mpaka alipofariki mwaka 991. Baada yake bibi wa mtoto, Adelheid, akashika nafasi hiyo kwa miaka mitatu zaidi.

Kuna hati moja ya Ravenna ya mwaka 990 ambayo wanahistoria hawachoki kuirudia. Humo Theophanu hakujiita imperatrix, yaani Kaiserin kwa Kilatini. Alijiita imperator, kwa jinsia ya kiume, na hata jina lake likaandikwa Theophanius. Miaka ya utawala ikahesabiwa kuanzia arusi yake mwenyewe, wala haikuhesabiwa kwa mwanawe. Huyu mama alijua vizuri kwamba cheo chake cha kawaida hakitoshi kutolea hukumu.

Tukiruka miaka 750 tunamkuta Maria Theresia, ambaye karibu kila mtu humwita Kaiserin na ambaye yeye mwenyewe hakulipa jina hilo uzito mkubwa. Mwaka 1740 alirithi Austria, Hungaria na Bohemia kutoka kwa baba yake, Karl wa Sita. Huko alikuwa mtawala kamili kwa jina lake. Ukaizari hakuweza kuurithi, kwa sababu ile niliyoitaja, hivyo akahangaika mpaka mumewe, Franz Stephan, akachaguliwa mwaka 1745. Walipokwenda Frankfurt kwa sherehe, mume akavikwa taji. Mke alikataa kuvikwa. Alikuwa na mataji yake tayari, na hili lingemfanya mke wa mtu. Alizaa watoto 16, mmoja wao akiwa Marie Antoinette aliyeuawa Paris, akapigana na Prussia kwa miaka mingi, na mwaka 1774 akatoa amri ya kuwapeleka watoto wote shule. Kazi zote hizo alizifanya kama mtawala wa nchi za Austria. Kama Kaiserin hakuwa na kazi.

Na kwa kuwa huulizwa kama Katarina Mkuu wa Urusi naye alikuwa Kaiserin: alikuwa Mjerumani, mzaliwa wa Stettin mwaka 1729, na alitawala kwa jina lake mwenyewe. Kwa hiyo alikuwa Mjerumani mwenye cheo cha ukaizari, lakini hakuwa Kaiserin wa Ujerumani. Kiti chake kilikuwa cha Warusi.

Dola la kale lilivunjwa mwaka 1806. Lililoundwa tarehe 18 Januari 1871, katika Ukumbi wa Vioo kule Versailles, liliishi miaka 47 tu na likawa na Kaiserin watatu. Katiba yake haikuwapa kazi yoyote. Hakukuwa hata na sherehe ya kuwavika taji la ukaizari.

Wa kwanza, Augusta, alilelewa Weimar, katika kasri ambako mshairi Goethe alikuwa mtu wa kawaida kuonekana. Yeye na Bismarck, chansela wa dola, hawakupikika chungu kimoja. Bismarck alilalamika mpaka katika kumbukumbu alizoandika uzeeni kwamba mama huyo alikuwa akimgeuza mumewe, Wilhelm wa Kwanza, wakati wa kifungua kinywa. Kama ni kweli, basi meza ya chai ilikuwa ofisi yake. Nje ya kasri alijenga kitu kilichodumu zaidi: mwaka 1866 alianzisha umoja wa wanawake wa kuwahudumia majeruhi wa vita, uliokua na kuenea nchi nzima, na alikuwa mfuasi mkubwa wa Msalaba Mwekundu tangu siku zake za mwanzo. Alifariki mwaka 1890.

Wa pili ni Victoria, na hapa nitakaa kidogo.

Alikuwa mtoto wa kwanza wa Malkia Victoria wa Uingereza, aliyezaliwa Novemba 1840. Aliolewa London Januari 1858 akiwa na miaka 17, na mume wake alikuwa Friedrich, mrithi wa Prussia. Baba yake, Albert, alimfundisha siasa kama mtu anayemwandaa waziri: kwamba Prussia iunganishe Ujerumani, na kwamba Ujerumani hiyo iwe na bunge lenye nguvu kama la Uingereza. Friedrich alikubaliana naye. Kilichobaki kilikuwa kusubiri mzee, baba yake Friedrich, afe. Wakasubiri miaka 30. Wilhelm wa Kwanza alifikia umri wa miaka 90, na alipofariki tarehe 9 Machi 1888 Friedrich alikuwa tayari ana saratani ya koo. Alikuwa amekatwa tundu shingoni ili apumue, na hakuweza kusema. Aliandika maneno yake kwenye vikaratasi. Habari za kifo cha baba yake zilipomfikia Italia, inasimuliwa kwamba alichukua utepe wa nishani ya Tai Mweusi, ya juu kabisa Prussia, akamvika mkewe.

Victoria alikuwa Kaiserin kwa siku 99. Siku hizo zilimwishia akiuguza mgonjwa, akigombana na madaktari wa Kijerumani waliomchukia daktari wa Kiingereza, Morell Mackenzie, na akisikia minong'ono kwamba "yule Mwingereza" ndiye anayetawala. Friedrich alifariki tarehe 15 Juni 1888. Siku hiyohiyo mwana wao, sasa Wilhelm wa Pili, aliamuru askari walizingire kasri ili nyaraka za baba yake zisitoke. Mama alikuwa amewahi. Nyaraka nyingi zilikwisha kupelekwa Uingereza mwaka uliotangulia.

Mtoto huyo alizaliwa kwa shida, akitanguliza makalio, na mkono wake wa kushoto haukupona kamwe. Mambo yake na mama yake yalikuwa mabaya, na wengi wamejaribu kuieleza vita ya 1914 kwa mkono ule. Mimi naona ni mzigo mkubwa mno kuutwika mkono mmoja.

Hapa ndipo Afrika Mashariki inapoingia. Watalii wanaopanda Kilimanjaro husimuliwa kwamba mpaka wa Kenya na Tanzania umepinda kwa sababu Malkia Victoria alimzawadia mjukuu wake mlima. Bibi na mjukuu ni wa kweli, na anayewaunganisha ni huyu Kaiserin, ambaye hadithi humruka kama hayupo. Zawadi ndiyo haikuwepo. Mpaka ule ulikubaliwa kati ya Uingereza na Ujerumani mwaka 1886, wakati Kaizari alikuwa Wilhelm wa Kwanza, na mjukuu alikuwa mwanajeshi kijana asiye na mamlaka ya kupokea hata kichuguu.

Baada ya kufiwa Victoria alijiita Kaiserin Friedrich, kwa jina la marehemu, jambo lisilo la kawaida. Alijenga nyumba kubwa Kronberg, karibu na Frankfurt, akaiita Friedrichshof; leo ni hoteli. Shule na vyama alivyovilea Berlin, vya kuwafundisha wasichana kazi na masomo ya juu, viliendelea bila kumtegemea. Alifariki kwa saratani Agosti 1901, zaidi kidogo ya miezi sita baada ya mama yake.

Wa tatu, Auguste Viktoria, mke wa Wilhelm wa Pili, alikaa muda mrefu kuliko wenzake wote, miaka 30, na ndiye aliyependwa zaidi na watu wa kawaida. Alizaa wavulana sita na msichana mmoja. Hakuwa na siasa za mkwewe. Alikuwa mama wa nyumbani mcha Mungu, na serikali ilipenda aonekane hivyo. Alichangisha fedha za kujenga makanisa mengi Berlin hata wenyeji wakamtania kwa jina la Kirchenjuste, yaani Guste wa makanisa. Mwaka 1909 ilifunguliwa hospitali iliyobeba jina lake huko Charlottenburg, ya kupambana na vifo vya watoto wachanga. Jengo jingine lenye jina lake liko Yerusalemu juu ya Mlima wa Mizeituni, lilizinduliwa mwaka 1910, na sasa ni hospitali ya Shirikisho la Makanisa ya Kilutheri Duniani, ambalo Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania (KKKT) ni mwanachama wake.

Vita ilipopotea mwaka 1918 alimfuata mumewe Uholanzi, tayari akiwa na ugonjwa wa moyo. Mwana wao Joachim alijiua mwaka 1920, naye mama akafuata tarehe 11 Aprili 1921. Jamhuri iliruhusu maiti irudishwe Potsdam, na maelfu kwa maelfu walijipanga kuiaga. Mume hakuruhusiwa kuvuka mpaka.

Novemba 1922 Wilhelm alioa tena, mjane aitwaye Hermine, katika nyumba yake ya uhamishoni kule Doorn. Watumishi waliamriwa wamwite Kaiserin, nao wakamwita. Nje ya geti hakukuwa na dola lililomjua kwa jina hilo. Alikufa mwaka 1947 Frankfurt an der Oder akiwa chini ya ulinzi wa Wasovieti, akazikwa Potsdam, katika hekalu dogo la bustani ya Sanssouci, pamoja na Auguste Viktoria. Mume wao amebaki Doorn.